Hekalu Lililo Chini ya Maji: Habari za Devni Mori na Funzo Lake Kwetu

Kamati ya kitabu hiki ilipotuomba tuandike makala ya historia, bila shaka ilitarajia tueleze safari za wazee wetu kutoka Kathiawar, majahazi waliyopanda na maduka waliyofungua. Habari hizo zimeandikwa na wengine katika kurasa hizi, tena kwa ufasaha kuliko tungeweza sisi. Tumeona heri tuandike juu ya jambo ambalo halijazungumzwa katika jumuiya yetu, nalo ni magofu ya hekalu la kale la Wabudha katika nchi ya asili yetu, Gujarat.

Huenda msomaji akauliza: magofu ya Wabudha yanatuhusu nini sisi Wahindu, tena tulio mbali hivi? Tunamwomba atuvumilie hadi mwisho. Tunaamini atakapofika huko ataona kwamba tunazungumzia uwanja huu huu anaouingia kila Jumapili.

Miaka kadhaa iliyopita tulikwenda Shamlaji, kaskazini mwa Gujarat, kuhiji katika hekalu la Vishnu lililo kando ya mto Meshwo. Baada ya sala tulikaa kwenye kibanda cha chai, na mbele yetu, kati ya vilima, tuliona maji mengi yaliyotulia. Tulimwuliza mzee mwenye kibanda, "Bapa, ziwa hili ni la tangu zamani?" Akacheka. "Hili si ziwa," alisema, "ni bwawa. Nilipokuwa mtoto tulichunga mbuzi pale kati. Palikuwa na kilima cha matofali, tukikiita kilima cha Raja Bhoj. Wakaja watu wa chuo kikuu na kamba na vitabu, wakachimba, wakaondoka. Kisha maji yakaja."

Tuliona haya. Tulikuwa tumesikia jina la Shamlaji tangu utotoni, lakini hatukuwahi kuambiwa kwamba mwendo mfupi kutoka hapo palikuwa na hekalu kubwa la Wabudha. Tuliporudi tulianza kutafuta habari zake, na haya ndiyo tuliyoyapata.

Mahali pale huitwa Devni Mori. Kati ya mwaka 1960 na 1963 wataalamu wa mambo ya kale wa Chuo Kikuu cha Maharaja Sayajirao cha Vadodara, wakiongozwa na R. N. Mehta na S. N. Chowdhary, walikichimbua kilima hicho. Chini ya udongo na majani walikuta majengo mawili makuu, yote ya matofali ya kuchoma. La kwanza lilikuwa nyumba ya watawa, ambayo kwa Kisanskriti huitwa vihara, yenye vyumba vilivyozunguka uwanja wa katikati. La pili lilikuwa stupa, yaani jengo kubwa lililojaa, lisilo na chumba cha kuingia, linalojengwa juu ya masalia matakatifu. Mwumini haingii ndani ya stupa, bali huizunguka kwa miguu huku akiiweka upande wa mkono wake wa kulia, kama sisi tufanyavyo pradakshina katika hekalu letu. Desturi hiyo moja yatosha kuonyesha kwamba Wahindu na Wabudha ni watoto waliolelewa katika uwanja mmoja.

Pande za stupa hiyo zilipambwa kwa sanamu za Buddha aliyeketi katika kutafakari, zilizofinyangwa kwa udongo na kuchomwa. Wataalamu walivutiwa sana na sanamu hizo, kwa kuwa mavazi na nywele zake zinafanana na kazi za mafundi wa Gandhara, mbali upande wa kaskazini-magharibi, ilhali sura zake zina upole wa kwetu. Hii yaonyesha kwamba ujuzi wa mafundi ulisafiri kwa njia zile zile za wafanyabiashara.

Katika moyo wa stupa, wachimbuaji walikuta kasha la jiwe lililochongwa kwa duara. Ndani ya kasha mlikuwa na kisanduku cha shaba, na ndani ya kisanduku mlikuwa na chupa ndogo ya dhahabu, pamoja na vipande vya hariri na majivu yanayoaminiwa kuwa masalia ya Buddha. Juu ya kasha palikuwa na maandishi. Yanataja majina ya watawa Agnivarma na Sudarshana, walioshughulikia ujenzi wa stupa hiyo, na yanasema kwamba kazi ilifanyika katika mwaka wa 127, wakati wa mfalme Rudrasena.

Mwaka wa 127 wa nini? Sisi wafanyabiashara tunaofunga vitabu vya hesabu siku ya Diwali kwa mwaka wa Samvat, kisha tukapeleka hesabu serikalini kwa mwaka wa Kizungu, twalielewa swali hili kuliko watu wengi. Tarakimu ya mwaka haina maana mpaka ujue hesabu ilianzia wapi. Wataalamu wengine wanasema hesabu hiyo ni ya Shaka, iliyoanza mwaka 78 baada ya Kristo. Basi stupa ilijengwa mwaka 205. Wengine wanasema ni hesabu nyingine iliyoanza mwaka 248. Basi ilijengwa karibu na mwaka 375. Tofauti ya miaka 170 si ndogo. Ikiwa jibu la kwanza ni sahihi, sanamu zile ni za kale kuliko nyingi za namna yake, na historia ya uchongaji wa Magharibi ya India haina budi kuandikwa upya. Ubishi huo haujaisha. Twautaja ili msomaji aone kwamba tofali moja, sarafu moja au mstari mmoja wa maandishi unaweza kubadili hesabu nzima, na kwamba ukishapotea hakuna pa kwenda kuuliza.

Yafaa tueleze pia kwamba Devni Mori haikuwa peke yake. Huko Junagadh, chini ya mlima Girnar, upo mwamba mmoja ambao wengi wetu tumepita karibu nao tukielekea kupanda ngazi za mlima. Juu ya mwamba huo mfalme Ashoka, aliyefuata dini ya Buddha, aliandikisha amri zake 14 katika karne ya 3 kabla ya Kristo. Katika mojawapo anawahimiza raia wake waheshimu dini za wenzao, wala wasisifu ya kwao kwa kuzidharau za wengine. Mwaka 150 baada ya Kristo mfalme Rudradaman aliandikisha juu ya mwamba ule ule jinsi dhoruba ilivyobomoa bwawa la Sudarshana, lililojengwa tangu zama za Chandragupta Maurya, na jinsi alivyolitengeneza bila kuwatoza watu wake kodi mpya. Karne tatu baadaye, katika utawala wa Skandagupta, yaliongezwa maandishi mengine yanayoeleza matengenezo ya bwawa hilo na ujenzi wa hekalu la Vishnu. Na mwamba huo ulipokuwa ukinyeshewa mvua na kupigwa jua, aliyeujengea nyumba ya kuusitiri, mwaka 1900, alikuwa Nawab wa Junagadh, Rasul Khan, mtawala Mwislamu. Mfalme wa Kibudha aliandika, hekalu la Vishnu likatajwa kando yake, na Mwislamu akatia paa.

Tena upo mji wa Valabhi, karibu na Bhavnagar, nchi waliyotoka wengi wa wanachama wetu. Mtawa wa Kichina Xuanzang aliufikia katika karne ya 7, akaandika kwamba palikuwa na nyumba za watawa wa Kibudha zipatazo 100 na watawa wapatao 6,000. Wafalme wa Maitraka waliotawala hapo walikuwa kwa sehemu kubwa wacha Shiva. Hata hivyo hati zao, zilizochongwa juu ya mabamba ya shaba, zaonyesha wakiwapa watawa wa Kibudha mashamba na vijiji kwa ajili ya chakula, mavazi na dawa, na pia kwa ajili ya kutengeneza sehemu za majengo zilizobomoka. Hebu tuliangalie sharti hilo la mwisho. Miaka 1,400 iliyopita wahisani wa Gujarat walijua kwamba kujenga ni nusu ya sadaka, na nusu ya pili ni matengenezo.

Turudi Devni Mori. Bwawa la Meshwo lilijengwa kati ya vilima viwili, na bonde likajaa maji. Jengo lenyewe la stupa halikuhamishwa. Hatupendi kumlaumu mtu kwa jambo hilo. Kaskazini ya Gujarat ni nchi ya ukame, na mkulima anayeangalia mtama wake ukinyauka ana haki ya kuomba maji. Mzee wa kibanda cha chai alituambia wazi kwamba tangu bwawa lijae, shamba lake huvunwa mara mbili. Tulimwuliza kama anasikitikia kilima. Alinyamaza kidogo, kisha akasema, "Tumbo linashukuru. Macho yanasikitika."

Hata hivyo miaka ile ile, mahali pengine, watu waliona njia ya tatu. Huko Nagarjunakonda, kusini mwa India, palikuwa na bonde zima la stupa na nyumba za watawa lililokuwa lifunikwe na bwawa la Nagarjuna Sagar. Kuanzia mwaka 1954 hadi 1960 bonde hilo lilichimbuliwa kwa upana, na baadhi ya majengo yakahamishwa tofali kwa tofali hadi juu ya kilima, ambacho leo ni kisiwa chenye makumbusho. Nchini Misri, katika miaka hiyo ya 1960, mahekalu ya Abu Simbel yalikatwa vipande na kupandishwa juu kuepuka maji ya mto Nile. Kazi hizo zilihitaji fedha nyingi, na si kila gofu litapata bahati hiyo.

Lakini Devni Mori nayo ilipata kitu. Kabla maji hayajafika, wachimbuaji walipima kila ukuta, wakachora ramani, wakapiga picha, wakahesabu sarafu, wakanakili maandishi. Kasha na masalia yalipelekwa Vadodara, na hadi leo yamehifadhiwa na chuo kikuu. Mwaka 1966 Mehta na Chowdhary walichapisha kitabu chenye taarifa kamili ya uchimbuaji. Kwa hiyo stupa iliyozama bado yaweza kusomwa. Waswahili husema, mali bila daftari hupotea bila habari. Devni Mori ilipotea, lakini haikupotea bila habari, kwa sababu palikuwa na daftari.

Sasa tueleze kidogo namna magofu yanavyohifadhiwa, maana wengi hudhani kuhifadhi ni kupaka rangi. Kwanza, kuchimbua kwenyewe kwaweza kuharibu. Huko Sanchi, katika India ya kati, ofisa mmoja Mwingereza aliifungua stupa kubwa mwaka 1822 kwa pupa ya kutafuta hazina. Aliacha tundu kubwa ubavuni, na upande mmoja wa jengo ukaporomoka. Hazina hakuipata. Ilichukua hadi miaka ya 1912 hadi 1919 ndipo John Marshall, mkuu wa idara ya mambo ya kale, akaitengeneza upya kwa uangalifu kama tuionavyo leo. Marshall baadaye aliandika mwongozo kwa maofisa wake, akasisitiza kwamba kazi yao ni kulinda kilichopo, si kukifanya kionekane kipya.

Pili, ukuta wa matofali uliofukiwa kwa karne nyingi huwa umepatana na udongo wake. Ukiufunua, mvua huanza kuula, mizizi hupenya, na chumvi hupanda kutoka ardhini. Ndiyo maana mara nyingi wataalamu wakimaliza kupima hurudishia udongo, wakaufunika ukuta tena. Tatu, na hapa tunazungumza kama watu waliouza vifaa vya ujenzi kwa zaidi ya miaka 40, saruji si dawa ya kila ukuta. Ukuta wa kale wa tofali na chokaa hupumua. Maji yakiingia hutoka. Ukiupaka saruji ngumu, maji hunaswa ndani, chumvi hukusanyika nyuma ya plasta, na tofali humomonyoka kimya kimya huku nje pakionekana pazuri. Ukuta wa chokaa utengenezwe kwa chokaa. Mafundi wanaotengeneza majengo ya mawe ya matumbawe huko Kilwa Kisiwani wanalijua hilo. Magofu ya Kilwa na Songo Mnara yaliwekwa mwaka 2004 katika orodha ya urithi wa dunia ulio hatarini, na kwa juhudi za wataalamu na wanakijiji wenyewe yakaondolewa katika orodha hiyo mwaka 2014. Basi ujuzi huo haupo India tu. Upo hapa nchini, karibu nasi.

Tukifika hapa hatuna budi kusema jambo la aibu yetu wenyewe. Marehemu babu yetu alijenga duka lenye ghorofa moja, kuta za mawe na chokaa, na mlango wa mvule uliochongwa maua na fundi wa pwani. Juu ya mlango paliandikwa kwa Kigujarati jina la Ganesh, mwaka wa Samvat, na majina ya watu wawili: babu yetu, na fundi aliyeujenga. Katika miaka ya 1990 biashara ilipopanuka tuliamua kulibomoa tujenge ghala. Kazi ilichukua siku nne. Mlango ulinunuliwa na mpita njia, na bei yake ilitosha mafuta ya lori kwa wiki moja. Hatukupiga picha hata moja. Leo wajukuu wetu wakituuliza jina la fundi yule hatulikumbuki, na hakuna aliye hai wa kutuambia. Maji ya Meshwo yalikuja kwa ajili ya mashamba ya watu wengi. Sisi tulibomoa kwa ajili ya ghala la mabati.

Wanachama wenzetu, wote mnajua kwamba mbele ya kamati yetu lipo pendekezo la kubomoa ukumbi wa zamani ulio nyuma ya hekalu, ili pajengwe ukumbi mpya wa ghorofa tatu. Sababu zake ni za haki. Vijana wanataka mahali pa arusi na michezo, paa linavuja, na ukuta wa mashariki una ufa. Wala hatusemi kwamba kila cha kale kisiguswe. Lakini ukumbi ule ndio uliokuwa hekalu lenyewe kabla ya hekalu hili. Vigae vyake vililetwa kutoka Mangalore. Ukutani mwake limo bamba la marumaru lenye majina ya waliochanga, kuanzia mwenye shilingi nyingi hadi mjane aliyetoa senti 50, na limeandikwa kwa Kigujarati ambacho watoto wetu wengi hawawezi tena kukisoma. Jirani zetu waliosaidia kubeba mawe hawakuandikwa popote, ingawa wazee wachache bado wanayakumbuka majina yao.

Kwa hiyo tunatoa ombi lenye sehemu tatu. Kwanza, kabla ya uamuzi wowote, ukumbi upimwe, uchorwe na kupigwa picha, ndani na nje. Majina ya bamba yanakiliwe kwa Kigujarati na kwa Kiswahili. Na wazee wetu pamoja na wazee wa mtaa warekodiwe wakieleza waliyoyaona. Kazi hiyo vijana wetu wanaiweza kwa simu zao katika mwezi mmoja. Pili, aitwe mtaalamu wa majengo ya kale auangalie ufa ule, kwa kuwa usipoziba ufa utajenga ukuta, na kuziba huenda kukagharimu sehemu ndogo tu ya bei ya kujenga. Tatu, ikiwa baada ya hayo mkutano mkuu utaona ni lazima ubomolewe, basi bamba, milango na vigae vihifadhiwe na kutumiwa katika jengo jipya, na majina ya waliobeba mawe yaandikwe mahali pa wazi.

Tunajua wapo watakaosema kwamba ombi hili ni la ajabu kutoka kwetu, maana ukumbi mpya ungehitaji saruji na nondo, nasi tunauza vyote viwili. Ni kweli. Faida hiyo tunaifahamu vizuri. Lakini faida tuliyoipata kwenye ghala letu hatuikumbuki tena, ilhali ule mlango tunaukumbuka kila tupitapo mahali pale.

Watawa wa Devni Mori hawakujua kwamba siku moja bonde lao litakuwa bwawa. Walichoweza kufanya walikifanya: walijenga kwa uimara, wakaandika majina yao, wakataja mwaka. Miaka mingi baadaye watu wengine, wengi wao si wa dini yao, walikuja na kamba na vitabu, wakasoma majina hayo kwa heshima kabla ya maji kufika. Sisi hatuna mafuriko yanayotujia. Maji ya kwetu ni usahaulifu, na muda tulio nao ni umri wa wazee waliobaki.

Bhagwan aulinde uwanja huu, awape afya wazee wetu, na azidishe ujirani mwema kati yetu na wote wanaotuzunguka. Heri ya miaka 75.